Shati Moja kwa Mwezi

Mama Pindo alivunjika kifundo cha mguu Jumanne moja saa nne asubuhi, juu ya stuli ambayo kwa miaka tisa alikuwa amemkataza kila mtu asiipande. Alikuwa anatundika pazia la mteja aone kama linafika chini. Pazia halikufika. Aliyefika ni yeye.

Umri wake ulikuwa miaka hamsini na saba, na kazi yake ilikuwa kushona sare za shule. Alikuwa na duka la chumba kimoja, vyerehani viwili, meza ya kukatia, na kioo kirefu chenye ufa juu kabisa, ambao wateja wafupi hawakuwahi kuujua. Jina la Mama Pindo alibandikwa na wateja, kwa kuwa hakuruhusu nguo itoke mlangoni kabla hajaigeuza ndani nje na kulikagua pindo lake nukta kwa nukta. "Nje kila mtu anaona," alikuwa akisema. "Mimi nataka kujua ndani kumefichwa nini."

Mumewe, fundi saa aliyestaafu, mtaa mzima ulimwita Baba Dakika. Macho yalimlazimisha kustaafu lakini moyo ulikataa. Nyumbani mwao kulikuwa na saa kumi na moja za ukutani, zote zikienda sawa, na ikigonga saa sita mchana mgeni asiyejua huruka kitini.

Daktari aliufunga mguu plasta mpaka chini ya goti akasema wiki sita. Baba Dakika alikuwa mume mwema, ila jikoni alikuwa hatari kwa afya. Ikabidi mtoto wao, dereva wa malori ya masafa marefu, amwombe mkewe aende akamuuguze mama. Mkewe huyo alikuwa mwalimu wa udereva, mwanamke mwembamba mwenye sauti ya kujizuia, na wakati huo alikuwa likizo. Akafunga begi moja la nguo na mkoba mmoja mweusi, akaja.

Sasa, hawa wawili walikuwa wakwe kwa miaka minne na hawajawahi kugombana hata siku moja. Hilo ndilo lilikuwa tatizo. Watu wasiogombana kabisa mara nyingi huwa hawajaanza kuzungumza. Maongezi yao yalikuwa shikamoo Mama, marahaba mkwe, umelalaje, nimelala salama, chumvi ipo, ipo Mama. Baada ya hapo kila mmoja hutafuta kitu cha kufuta kwa kitambaa.

Siku ya nne ya uuguzi, Mama Pindo akiwa kochini na mguu juu ya mto, alimsikia mkwe wake chumba cha pili akisema kwa sauti ambayo hakuwahi kuisikia ikitoka kwake: "Nyuma yako! Nyuma yako, we mzee! Piga!"

Mama Pindo alidhani mwizi ameingia. Akashika mkongojo wake kama rungu.

"Mkwe! Kuna nini huko?"

Mkwe akatokea mlangoni, hedifoni shingoni, uso umeiva kwa aibu. "Samahani Mama. Ni mchezo tu. Wa kwenye mtandao."

"Mchezo gani unapigiwa kelele hivyo?"

"Tunacheza watu wengi pamoja, Mama, kila mmoja yuko kwake. Unajitengenezea mtu, unaishi naye humo. Mimi ni askari wa ngao. Naitwa Radi. Kazi yangu kupigwa."

"Kupigwa?"

"Nasimama mbele, madude yananipiga mimi ili yasiwapige wenzangu."

Mama Pindo alimtazama mkwe wake, mwembamba kama sindano, akamwona upya. "Na nani anakutibu?"

"Hapo ndipo penye shida," mkwe akasema. "Mtabibu wetu ameoa. Haonekani tena."

Mguu ulikuwa unawasha ndani ya plasta, redio ilikuwa inatangaza bei za vitunguu, na wiki tano na siku tatu zilikuwa bado mbele. "Hebu ilete hiyo kompyuta," Mama Pindo akasema. Mkwe akamtolea ya pili, ya zamani, kutoka kwenye mkoba mweusi.

Kumtengeneza mtu wake kulichukua asubuhi nzima, maana fundi cherehani hamtengenezi mtu kwa haraka. Mwisho alipatikana mama wa miraba minne, nywele za kijani zilizosukwa hadi kiunoni, mabega mapana, na miguu miwili mizima. Jina akampa Pindo. Mkwe alipomwambia ashike kipanya, Mama Pindo aliuvuta mguu wa plasta juu kochi likalia, akauliza kiko wapi, na wote wawili walicheka mpaka Baba Dakika akaja kuchungulia.

Vita vya kwanza vilikuwa aibu tupu. Katikati ya pambano mkwe alipiga ukelele: "Mama, unamtibu adui!"

"Si alikuwa anavuja damu!"

"Avuje, Mama! Ndiyo kazi yenyewe!"

Lakini akajifunza. Mtu aliyezoea kutazama sindano ikipanda na kushuka mara elfu kwa dakika ana macho ya kuona vitu vidogo. Baada ya wiki mbili alikuwa anajua nani katika kundi yuko karibu kufa kabla mwenyewe hajajua. Kundi lilijiita Wakali wa Mchana, kwa sababu walikuwa watu wa kucheza kukiwa na jua: mlinzi wa benki anayelinda usiku, muuguzi wa zamu, mwalimu mstaafu, na kiongozi wao, ambaye hakuna aliyewahi kuuona uso wake wala kuisikia sauti yake, waliyemwita Kobe kwa kuwa ukimuuliza swali leo anakujibu kesho. Pamoja naye walikuwa kumi na wanane. Wote walimwita Mama.

Kilichomuudhi Mama Pindo ni kimoja tu. Ndani ya mchezo mtu anaweza kujifunza ufundi, na yeye, kama ilivyotegemewa, akachagua ushonaji. Unabonyeza kitufe, sekunde tatu, joho limeshonwa.

"Bila kumpima mtu!" alisema siku ya kwanza. Akamgeuza mtu wake huku na huku kwenye kioo cha kompyuta, akainama kuangalia chini ya joho. "Na pindo halina. Wameliacha hivihivi, nyuzi zinaning'inia."

"Hakuna anayeangalia huko, Mama."

"Ndiyo maana wameliacha."

Kwa hiyo wiki sita zikapita, na katika wiki hizo mkwe alimwambia mama mkwe wake maneno ambayo tangu ukwe uanze duniani hayajawahi kusemwa: Mama, kimbia. Mama, usisimame kwenye moto. Mama, wewe ni moto wa kuotea mbali. Baada ya kila pambano alikuwa anaomba radhi kwa kupiga kelele, na Mama Pindo alikuwa anamjibu vilevile kila mara: "Umenipigia kelele kwa haki. Nilikuwa nimesimama kwenye moto."

Plasta ilipokatwa, mkwe akarudi kwake, mji wa mbali, mwendo wa siku nzima kwa basi. Aliacha ile kompyuta ya zamani na neno moja mlangoni: "Nimekulipia miezi mitatu, Mama. Zawadi ya mguu."

Mama Pindo akashukuru bila kuelewa vizuri. Alidhani mchezo ni kama karata: ukishanunua, umenunua.

Miezi mitatu ikapita kama upepo. Saa kumi jioni anafunga duka, saa kumi na robo yuko mezani, Radi na Pindo wanakutana langoni pa mji wa mchezo, wanaulizana habari za nyumbani huku wakinoa silaha. Siku moja akabonyeza kuingia, na badala ya lango akaona maandishi: muda wako umekwisha, lipia uendelee.

Aliyasoma mara tatu. Kumpigia mkwe hakutaka. Mtu aliyekupa kanga humuulizi lini atakuletea nyingine. Akaenda kwa binti wa duka la simu, akamweleza, na binti akamwonyesha namna ya kulipia kila mwezi. Bei ilikuwa sawasawa na ujira wa kushona shati moja la shule.

"Shati moja?" Mama Pindo akacheka. "Hilo nalimaliza chai haijapoa."

Akalipa kwa moyo mweupe. Kumbe lile shati lilikuwa mlango tu. Mchezo ulikula bando la intaneti kama mbuzi aliyefunguliwa shambani, kwa hiyo shati la pili. Mwezi uliofuata wenye mchezo walitangaza bara jipya, lenye misitu na majoka yake, na bara hilo liliuzwa peke yake. "Yaani nyumba nalipa kodi," akamwambia Kobe, "halafu sebule nailipia mbali?" Kobe alijibu kesho yake: "Ndiyo, Mama." Wenzake wote walikuwa wanahamia huko. Akalipa. Hayo yakawa mashati sita.

Halafu akamwona simba.

Alikuwa simba wa rangi ya kutu, manyoya yamesimama shingoni, mabawa mapana kama turubai. Kumi kati ya Wakali wa Mchana walikuwa tayari wanaruka juu ya wanyama wao, na Mama Pindo alikuwa anawafuata chini kwa miguu, akivuka mito, akifika vita vimekwisha. Alimtazama simba siku tatu. Siku ya nne, Ijumaa, baada ya mteja kulipia sare za watoto watatu kwa mpigo, alibonyeza.

Jumamosi asubuhi Baba Dakika alikuwa anatafuta namba ya fundi bomba kwenye simu ya mkewe. Akakutana na ujumbe wa malipo. Akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Mama watoto, hebu njoo. Hapa wanasema umenunua simba."

Mama Pindo alisimama na kikombe mkononi. "Simba gani?"

"Mwenye mabawa."

"Ah. Huyo."

"Wako wangapi?" mumewe akauliza.

"Mmoja tu."

"Anakula nini?"

"Hali kitu."

"Afadhali." Akaisoma bei tena, midomo ikicheza. Kwa hesabu ya dukani yalikuwa mashati kumi na nne. "Naweza kumwona?"

Mama Pindo akawasha kompyuta huku moyo unamdunda kama wa msichana aliyekamatwa na barua. Akampanda simba, akaruka. Wakapita juu ya milima yenye theluji, ziwa likang'aa chini, kivuli cha mabawa kikikimbia juu ya maji. Baba Dakika alitazama kwa dakika nane kamili.

"Ni mzuri," akakubali. "Sitasema uongo. Simba nimemsamehe. Kinachonitisha mimi ni saa. Wiki iliyopita umekaa hapa saa kumi na tisa na dakika arobaini."

"Umenipima?"

"Mimi ni fundi saa, mke wangu. Ulitaka nihesabu kuku?"

Alilisema kwa utani, lakini lilimchoma. Mama Pindo alikuwa ameendesha duka kwa miaka ishirini na sita bila kuulizwa na mtu senti yake imekwenda wapi, na sasa alijiona kama mtoto aliyekutwa na sukari mdomoni. Akaweka kikombe chini.

"Sawa. Kuanzia leo mchezo huu hauli hata senti moja ya nyumba hii. Utajilisha wenyewe."

"Utajilishaje?"

Hilo alikuwa hajalijua bado. Akamuuliza Kobe, na safari hii Kobe alijibu siku ileile, kwa kuwa swali lilimgusa. Alimweleza kwamba ndani ya mchezo kuna hati: anayeimiliki anapata mwezi mzima bila kulipa. Hati inanunuliwa sokoni humohumo kwa dhahabu ya mchezo. Na dhahabu inapatikana kwa kuuza vitu. "Wewe ni mshonaji, Mama," akaandika. "Shona."

Ah! Mwanamke aliyeanza na cherehani cha kuazima, leo aambiwe kuna soko, kisha akae tu? Siku iliyofuata alifungua kibanda katika soko la mchezo. Alikusanya pamba ya mwezini na hariri ya buibui, akashona majoho ya buluu ya wachawi wanaoanza, akayapanga. Siku ya kwanza aliuza manane. Akaona mshindani mmoja anauza kwa bei ya chini, akashusha yake kwa sarafu moja. Mshindani akashusha. Akashusha tena. Alipopata hati ya kwanza aliichapisha kwenye karatasi kwa binti wa duka la simu, akaibandika ukutani baina ya saa mbili.

"Bure," akamwonyesha mumewe kwa kidole. "Mwezi mzima, bure kabisa."

"Hongera," Baba Dakika akasema, akaenda zake kujaza saa ya sita ufunguo.

Kumbe bei ya hati nayo ilikuwa inapanda kila wiki. Majoho mia hayakutosha tena. Yakawa mia mbili, yakawa mia tatu. Pamba ya mwezini haijileti. Inabidi kuzunguka bonde zima kuichuma, na kupiga magoti kwa kila mmea. Akaanza kukaa mezani kabla ya kufungua duka, na saa ya chakula cha mchana, kijiko mkono mmoja na kipanya mkono wa pili. Jioni Radi alikuwa anasimama langoni.

"Mama, joka la barani limeamka. Twende?"

"Nina oda, mkwe. Majoho arobaini."

"Na kesho?"

"Kesho nachuma pamba."

Mkwe alikuwa anasubiri kidogo, ngao mgongoni, kisha anaondoka na mtabibu mwingine, ambaye kwa maelezo ya mlinzi wa benki alikuwa na mikono mizito kama shina la mgomba. Mara mbili Radi alikufa. Mama Pindo aliona habari ikipita chini ya kioo wakati anapanga bei, akasema maskini, akaendelea kupanga bei.

Kwa mwezi na nusu hakumtibu mtu.

Aliyevunja mambo ni mwalimu mkuu wa shule iliyo karibu, mama mnene, mpole, mwenye kucheka kwa mabega. Aliingia dukani Alhamisi moja na mfuko wa karatasi, akatoa shati jeupe, akalitandaza juu ya meza ya kukatia kama anayetandaza ramani.

"Mama Pindo, wewe na mimi tumetoka mbali. Hebu niambie. Mwanafunzi wangu huyu ana mikono mingapi ya kushoto?"

Mama Pindo akaangalia. Mikono yote miwili ya shati ilikuwa ya kushoto. Akaligeuza ndani nje. Pindo halikushonwa, lilikuwa limekunjwa na kupigwa pasi tu, nyuzi zinaning'inia.

"Hili si langu," akasema.

Mwalimu mkuu aliinama juu ya shati. Aligusa kitambulisho kidogo cha duka chini ya kola, cha uzi mwekundu, kilichoshonwa kwa mkono.

"Yako mangapi?" Mama Pindo akauliza kwa sauti ndogo.

"Tisa. Mtoto mmoja ameshaanza kuitwa Mashoto. Anaipenda, lakini mama yake haipendi."

Mwalimu mkuu mabega yakaanza kumtikisika, na Mama Pindo, ambaye alikuwa karibu kulia, akajikuta anacheka naye, kicheko kibaya chenye machozi. Akaahidi kuyarudia yote tisa, na la kumi aongeze la bure. Alipofunga mlango jioni ile hakwenda kwenye kompyuta. Alikwenda kukaa jikoni.

Baba Dakika alikuja, akavuta kiti. Alisimuliwa yote, la Mashoto likiwemo. Aliuma mdomo asicheke, akashindwa, akaomba radhi.

"Nikuulize kitu, lakini usinirushie sufuria," akasema. "Hati moja hiyo inakuchukua muda gani? Kuchuma, kushona, kuuza, kila kitu."

"Sijapima."

"Mimi nimepima. Mwezi huu, saa thelathini na moja. Nimeziacha dakika, nakuonea huruma. Na wewe dukani, saa thelathini na moja zingetoa mashati mangapi?"

Mama Pindo hakuhitaji karatasi. "Kama ishirini."

"Na kulipia mwezi kwa fedha ni mashati mangapi?"

Saa zote kumi na moja zilisikika zikitembea.

"Moja," akasema.

"Basi mimi si mtu wa biashara," Baba Dakika akasema kwa upole, "lakini naona bure yako inakula mashati ishirini ili kuokoa moja."

Wahenga walisema rahisi ghali, na yeye mwenyewe alikuwa amewatupia wateja methali hiyo kila walipomletea kitambaa cha sokoni kinachochuja rangi. Mama Pindo aliegemea ukuta akacheka, safari hii kwa sauti, akijipiga paja, mpaka jirani akauliza dirishani kama kuna heri. "Kuna heri!" akamjibu. "Nimegundua mimi ni mjinga!"

"Hata hizo saa si kitu," mumewe akasema alipotulia. "Ulikuwa unacheka na mkwe wetu huko ndani, nyumba nzima inasikia. Mwezi na nusu sijakusikia."

Mashati tisa aliyafumua na kuyashona upya kwa siku mbili, na kila pindo alilikagua mara mbili. Jumamosi, saa nane mchana, aliingia kwenye mchezo. Ghalani mwake kulikuwa na majoho mia moja na themanini yanayosubiri kuuzwa. Aliyabeba yote, akasimama kwenye lango la mji, mahali ambapo wachezaji wapya hutokea wakiwa na shati la gunia na fimbo, wakitazama huku na huku kama watu walioshuka kituo si chao. Akaanza kugawa. Bila bei. Njoo mwanangu, shika. Na wewe, mrefu. Wewe je, umevaa nini hicho?

Habari ilisambaa. Ndani ya nusu saa, lango lilifurika watu wa buluu, wengine wakicheza ngoma, wengine wakiinama kwa heshima, mmoja akizunguka bila kukoma kwa sababu alikuwa hajajua namna ya kusimama. Mshindani wake wa sokoni alitokea, akaandika: "Umefilisika?" Mama Pindo akamjibu: "Nimestaafu. Shika moja."

Radi alikuja akiwa amejifunga ngao, akasimama katikati ya umati ule wa buluu.

"Mama? Kuna nini hapa?"

"Nimefunga duka. Joka lenu limelala au liko macho?"

Radi akaifungua ngao mgongoni: "Liko macho, Mama."

Walikwenda kumi na wanane. Kuhusu pambano lenyewe Wakali wa Mchana mpaka leo hawakubaliani nani alifanya nini, ila wote wanakubali kwamba dakika ya saba joka lilimkanyaga Radi, akabaki na uhai kama uzi wa buibui, na Mama, badala ya kukimbia moto kama alivyofundishwa, alisimama ndani ya moto uleule na kumtibu.

"Mama, toka kwenye moto!"

"Sitoki! Wewe piga!"

Joka lilipoanguka, wenzake kumi na saba walipiga kelele ndani ya masikio yake kwa pamoja, Kobe akiwemo, na ndipo ikajulikana kwamba Kobe ni mwanamke, tena mwenye sauti nene ya kuimba kwaya. Wenzao wakawa wanagawana hazina. Radi na Pindo walikaa kando juu ya mkia wa joka.

"Mama," mkwe akasema. "Nikwambie kitu?"

"Sema, mwanangu."

"Miaka minne nilikuwa naogopa hata kukuomba chumvi. Nilidhani hunipendi. Halafu ulipofungua kile kibanda nikadhani umenichoka tena."

Mama Pindo alitazama yule mama wa nywele za kijani na yule askari wa ngao waliokaa bega kwa bega.

"Mimi nilidhani wewe ndiye unayeniogopa kwa sababu mimi ni mtu mbaya," akasema. "Nikawa nafuta meza tu."

"Ulikuwa unafuta sana, Mama."

"Ile meza iliisha rangi."

Baba Dakika alikuwa nyuma ya kiti wakati wote, mikono mgongoni. Hakuelewa joka wala hazina. Lakini waliporudi mjini kuuza pembe za joka, alisogea, akavuta kiti, akaweka jichoni ile lenzi yake ya zamani ya kutazamia vyuma vya saa, akaikaribia kompyuta mpaka pua ikagusa kioo.

"Simama hapo," akasema. "Hiyo ni nini?"

"Mnara wa mji."

"Ile saa ya juu ya mnara. Mshale wa dakika uko kwenye sita. Maana yake ni nusu saa. Basi mshale wa saa ulitakiwa uwe katikati ya tisa na kumi. Mbona umekaa juu ya tisa kabisa?"

"Mume wangu, ni picha tu."

"Watu maelfu wanapita chini yake!" Alikuwa amekasirika kweli. "Wanalipa kila mwezi, halafu wanaonyeshwa saa ya uongo? Andika barua. Chukua kalamu, nitakutajia."

Ikabidi aandike. Barua ilianza na Kwa wahusika, ikaeleza kwa aya nne uhusiano wa mshale mkubwa na mdogo, ikamalizia kwa kujitolea kufika mwenyewe kuirekebisha endapo nauli itatolewa. Baada ya siku tano jibu lilikuja, la heshima, likimshukuru kwa maoni yake muhimu.

"Hawajasema lini," Baba Dakika akasema.

Mwezi ulipokaribia kwisha, Mama Pindo alipotaka kwenda kwa binti wa duka la simu, mumewe alikuwa ameshavaa viatu. Alisema atalipia yeye, hawezi kuacha jambo la saa ya mnara liishie hewani. Akalipia na mwezi uliofuata, na mwingine.

Siku hizi Mama Pindo hucheza Jumanne, Alhamisi na Jumamosi, muda wa saa mbili kila mara, na mumewe humpimia wala hakasiriki. Mkwe wake huja likizo na mumewe dereva, wanakaa meza moja kila mmoja na kompyuta yake, wanagombana kuhusu moto kama mtu na dada yake. Kobe alituma kipimo cha kiuno na kifua kwa barua, akashonewa joho la buluu la kweli la kuvaa kwaya, likiwa na pindo la vidole viwili.

Saa ya mnara haijarekebishwa. Kila Jumamosi Baba Dakika huvuta kiti, huvaa lenzi, hutazama, na kusema, "Bado." Kisha hukaa hapohapo mpaka vita viishe, akiuliza yule mwenye pembe ni wetu au ni wao.